Ugomvi wa Tarehe Mbili

Kila ufikapo mwezi wa Disemba, hapa Unguja hutokea jambo ambalo mgeni hawezi kulifahamu upesi. Tarehe 9 ya mwezi huo ni siku ya mapumziko kwa kuukumbuka uhuru wa Tanganyika wa mwaka 1961. Kesho yake, tarehe 10, ni siku ambayo mwaka 1963 Uingereza ilikoma kuwa mlinzi wa Zanzibar, mbele ya Prince Philip, mume wa Malkia. Siku hiyo hupita kimya. Hakuna gwaride, hakuna mizinga, wala watoto wa skuli hawapewi likizo. Zipitapo siku 33 huja tarehe 12 Januari, na hapo ngoma hulia, askari hupita kwa gwaride, na Rais wa Zanzibar huwahutubia wananchi kwa kuadhimisha Mapinduzi ya mwaka 1964.

Tarehe hizo mbili ndizo tunazotaka kuzisema leo. Yuko atakayeuliza: gazeti la chama lina haja gani na habari za zamani, hali bei ya mchele iko pale ilipo na kijana aliyemaliza skuli anakaa barazani kutwa nzima? Twamjibu kwamba ni kwa sababu hiyo hiyo. Mara nyingi mno tumeona mwananchi akiuliza habari ya mshahara, au shamba, au kazi ya mwanawe, akajibiwa kwa mwaka 1964. Na tumeona vile vile aliyeulizwa habari ya sera zake akajibu kwa machozi ya mwaka huo huo. Ugomvi huu si wa wasomi peke yao. Mwulize Mzanzibari nchi yake ilipata uhuru lini, na jawabu lake litakuonyesha kwa kiasi kikubwa kura yake huenda wapi, na pengine kura ya babu yake ilikwenda wapi.

Tuanze kwa kutoa kila upande hoja yake, bila ya kuipunja.

Wale waishikao tarehe 10 Disemba husema hivi: Siku ile dola ya kigeni iliondoka. Serikali ya Waziri Mkuu Mohammed Shamte ilitokana na uchaguzi wa Julai 1963, na tarehe 16 Disemba Zanzibar ikapokewa katika Umoja wa Mataifa, ikapewa kiti chake sawa na nchi nyingine zote. Kwa hiyo, husema, kilichotokea mwezi mmoja baadaye hakikumwondoa mkoloni, maana mkoloni alikwisha ondoka. Kiliiondoa serikali halali. Wengine miongoni mwao hawataki hata neno mapinduzi, husema mavamizi, kwa kuwa aliyejitangaza redioni kuwa kiongozi wa majeshi alikuwa John Okello, mtu wa Uganda.

Wale waishikao tarehe 12 Januari hujibu: Uhuru gani huo? Katika uchaguzi ule ule wa Julai 1963, Afro-Shirazi Party ilipata kura asilimia 54, na juu ya hayo ikapewa viti 13 tu katika viti 31. Hizbu, yaani Zanzibar Nationalist Party, ilipata viti 12, na Zanzibar and Pemba People's Party viti 6, wakaungana wakatawala. Walio wengi kwa kura wakawa wachache barazani, kwa namna majimbo yalivyokatwa. Sultani akabaki katika kiti chake, mashamba makubwa ya karafuu yakabaki mikononi mwa wenyewe, na askari polisi waliotoka bara wakaanza kuachishwa kazi. Askari hao wasio na kazi walikuwa miongoni mwa waliozivamia ghala za silaha za Ziwani na Mtoni usiku wa Mapinduzi.

Msomaji ataona kwamba hesabu zilizotajwa na pande zote mbili ni za kweli. Umoja wa Mataifa ulitoa kiti, na asilimia 54 zilipigwa. Hapana upande unaosema uwongo hapo. Kila mmoja amekata kipande chake cha kitambaa, kisha akaapa kwamba hicho ndicho kitambaa kizima.

Tena lipo jambo ambalo halipendi kusemwa. Wengi wa wale waionayo tarehe 12 Januari kuwa ndiyo siku ya kuzaliwa kwa nchi, unapokuja mjadala wa Muungano wa tarehe 26 Aprili 1964, hupenda kusema kwamba Zanzibar iliingia ikiwa dola kamili yenye kiti chake ulimwenguni. Kiti hicho kilipatikana lini? Mwezi wa Disemba. Na wale waitukuzao Disemba kwa ajili ya demokrasia yake hawapendi kuulizwa kwa nini demokrasia hiyo, katika juma lake la mwisho, ilikipiga marufuku chama cha Umma cha Abdulrahman Babu. Babu mwenyewe alikuwa Katibu Mkuu wa Hizbu kabla ya kujitoa mwaka 1963. Historia ya visiwa hivi haitaki kupangwa katika safu mbili kama wachezaji wa mpira. Kila ukimtazama mchezaji kwa makini, unamkuta aliwahi kuvaa jezi ya upande wa pili.

Lakini kwa nini tarehe iwe na nguvu hivyo? Twaamini sababu ni hii: tarehe ndiyo inayoamua nani mwenyeji na nani mgeni, na kwa hiyo nani ana haki ya shamba na nani ana haki ya kutawala. Baada ya Mapinduzi, ardhi ilitwaliwa na serikali, na maelfu ya wakulima wakagawiwa eka tatu tatu. Kwa mtu ambaye baba yake alikuwa akilima chini ya mikarafuu ya mwingine, akiweza kufukuzwa wakati wowote, eka tatu hizo hazikuwa nadharia. Na kufukuzwa huko kulitokea kweli. Baada ya uchaguzi wa Julai 1957, ambao Hizbu haikupata kiti hata kimoja, wakulima wengi walioifuata Afro-Shirazi waliondolewa mashambani na wenye mashamba, na Waafrika wakajibu kwa kususia maduka. Mzee aliyeyaona hayo akiwa mtoto, akisikia mtu ayasema Mapinduzi kwa ubaya, husikia kwamba panga liko njiani kuja kumnyang'anya shamba.

Upande wa pili, yuko ambaye baba yake aliuawa mwezi wa Januari 1964, au alitiwa ndani akafia huko, au alipakiwa chomboni na nguo alizovaa tu. Huyo kila mwaka huambiwa ashangilie. Asiposhangilia huitwa Hizbu, hata akiwa amezaliwa mwaka 1990 na chama hicho hajapata kukiona. Mwenye kovu usidhani kapoa.

Basi hofu mbili hizi zimekaa nyumba moja zaidi ya miaka 60, na wako wanasiasa wanaozilisha zote mbili.

Hapa twataka kukaa kidogo, maana liko fungu la historia ambalo pande zote mbili zimelitupa, na fungu hilo ndilo la wafanyakazi na wakulima, yaani ndilo letu.

Mwezi wa Agosti 1948 wachukuzi wa bandarini Unguja waliweka mizigo chini. Wengi wao walikuwa watu wa bara, wakikaa Ng'ambo katika vyumba vya kupanga, na ujira wao haukutosha kwa kupanda kwa bei baada ya Vita Kuu ya Pili. Mgomo ule ulienea hata ukawa wa mji mzima. Mabwana wa Mji Mkongwe walijipikia wenyewe. Wageni hao, kama wanavyoitwa na wasiowapenda, ndio waliouonyesha mji huu kwa mara ya kwanza kwamba kazi ikisimama serikali husikia. Katika masimulizi ya watetezi wa Disemba, watu hawa hawamo. Humo mtu wa bara huingia mwaka 1964 tu, akiwa na panga mkononi, kana kwamba hakupata kuubeba mji huu mgongoni.

Miaka mitatu baadaye, mwezi wa Julai 1951, wakulima wa Kiembe Samaki, karibu na uwanja wa ndege, walikataa kutoa ng'ombe wao wachanjwe kwa amri ya serikali. Walikuwa na kinyongo cha zamani: ardhi yao ilikuwa imechukuliwa kwa ajili ya uwanja huo, na malipo hayakuwaridhisha. Walishitakiwa, wakahukumiwa, wenzao wakakusanyika kuwaokoa, polisi wakapiga risasi, na watu wakafa. Wenyeji wa Unguja waliviita Vita vya Ng'ombe. Wakulima wale wale ndio walioanzisha chama cha raia wa Sultani ambacho mwaka 1955 kiligeuka kuwa Hizbu, na Rais wake wa kwanza, Vuai Kiteweo, alikuwa mtu wa shamba. Wasomi na matajiri wa mjini walikuja baadaye, wakashika usukani. Katika masimulizi ya watetezi wa Januari, habari hii haimo, kwa sababu humo Hizbu ni chama cha Waarabu tangu siku ya kwanza mpaka ya mwisho, na haiwezekani mkulima mweusi wa Kiembe Samaki awe mwanzilishi wake.

Tazameni basi ajabu hii. Mgomo wa bandarini na vita vya ng'ombe ni matawi mawili ya mti mmoja: watu wanyonge waliokataa kupelekwa kama mifugo. Angekuwako mtu wa kuyaunganisha matawi hayo, huenda visiwa hivi vingekwenda njia nyingine. Lakini yaligawanywa. Mpaka yalipofika miaka ya 1960, hata vyama vya wafanyakazi vilikuwa na mashirikisho mawili, moja likiegemea Hizbu na jingine likiegemea Afro-Shirazi, na mchukuzi wa mzigo mmoja hakumtambua mwenziwe aliyeshika upande wa pili wa mzigo huo.

Nani aliyewagawa? Wako wajibuo upesi: Mwingereza. Jawabu hilo si la uwongo, ila ni jepesi mno. Ni kweli kwamba Mwingereza aliitawala nchi kwa daftari la makabila. Baraza la Kutunga Sheria lilianzishwa mwaka 1926 na viti vyake viligawanywa kwa asili ya mtu. Mwarabu alikuwamo, Mhindi alikuwamo, na Mwafrika wa kwanza aliteuliwa mwaka 1946, miaka 20 baadaye. Wakati wa vita, mgawo wa chakula nao ulifuata asili. Mtu akijua kwamba kabila alitajalo litaamua kama mkewe atapika wali au ugali, atajifunza upesi kulitaja lile lenye faida. Hata hivyo daftari hilo lilifungwa zamani. Mwingereza hayuko Ikulu ya Zanzibar, na bado majina yale yale yanasomwa kwa sauti katika mikutano ya hadhara. Wenye kuyasoma sasa ni sisi.

Na magazeti yalisaidia. Hatuwezi kuandika katika gazeti la chama tukalinyamazia jambo hilo. Katika miaka ya kabla ya uhuru, wakati ambao Wazanzibari wenyewe waliuita zama za siasa, kila chama kilikuwa na gazeti lake, na kila gazeti lilikuwa na msamiati wake wa matusi. Mwenye duka hakuuziwa nazi na mkulima wa chama kingine. Watu waliacha kuzikana. Kisha ikaja siku ya uchaguzi wa Juni 1961, na katika fujo zilizofuata watu 68 wakauawa, wengi wao kabisa wakiwa Waarabu, na miongoni mwao Wamanga wenye maduka madogo mashamba, watu ambao hawakuwa matajiri wala watawala. Tume ya Foster-Sutton iliundwa, ikachunguza, ikaandika ripoti. Miaka miwili na nusu baadaye yale ya Juni yalirudi, mara hii kwa wingi ambao hapana tume iliyouhesabu.

Hilo la kutohesabu ndilo lililo kubwa kuliko yote. Waliokufa mwezi wa Januari 1964 hatuwajui idadi yao. Wako wasemao mamia, wako wasemao zaidi ya elfu kumi, na kila mmoja huchagua hesabu iifaayo siasa yake. Filamu ya Waitaliano ya mwaka 1966, Africa Addio, ilionyesha maiti na makaburi kutoka angani, na filamu hiyo mpaka leo hupita mkononi kwa mkono, watoto wakiitazama katika simu bila ya mtu wa kuwaeleza kwamba watengenezaji wake walijulikana kwa kuidharau Afrika. Ikiwa serikali haikuhesabu, watu watahesabu wenyewe. Na mwenye kuhesabu kwa uchungu hahesabu sawa.

Yafaa tukumbuke pia kwamba waliopotea hawakuwa wa upande mmoja. Abdulla Kassim Hanga, aliyekuwa Makamu wa Rais baada ya Mapinduzi, na Othman Sharif, aliyepata kuwa Waziri, walirudishwa Unguja mwaka 1969 na hawakuonekana tena. Hao walikuwa watoto wa Afro-Shirazi. Okello mwenyewe, ambaye sauti yake ndiyo iliyowatoa watu usingizini, alifukuzwa visiwani mwezi wa Machi 1964, na kwa muda mrefu sana jina lake halikutajwa katika hotuba za sherehe. Na Mzee Abeid Amani Karume akauawa kwa risasi tarehe 7 Aprili 1972, katika makao makuu ya chama chake, Kisiwandui. Kwa hiyo wale wanaodhani kwamba kuuliza habari za waliopotea ni kuutetea usultani, hawajawauliza wajane wa wanamapinduzi.

Mji Mkongwe nao una ushahidi wake. Beit el Ajaib lilijengwa na Sultani Barghash mwaka 1883 kwa fahari yake. Mwingereza akalifanya ofisi. Baada ya Mapinduzi likawa mahali pa masomo ya siasa ya chama. Kisha likawa makumbusho. Tarehe 25 Disemba 2020, likiwa katika matengenezo yaliyolipiwa na serikali ya Oman, upande wake mmoja uliporomoka na watu wawili wakafa. Jirani yake, jumba la Sultani, liliitwa Jumba la Wananchi baada ya mwaka 1964, na tangu mwaka 1994 ni makumbusho ya ufalme ule ule uliopinduliwa. Hatusemi hayo kwa kubeza. Twasema kwamba serikali, inapokuwa na jengo la kutengeneza au mgeni wa kumpokea, inajua vizuri kuishi na historia yote kwa pamoja. Fedha za Oman hupokewa kwa mikono miwili asubuhi. Jioni, jukwaani, jina la Oman hufanywa kitisho cha kumtishia mpiga kura. Jamshid bin Abdullah, Sultani wa mwisho, aliishi Uingereza zaidi ya miaka 50, akaruhusiwa kuingia Oman mwaka 2020, akafariki huko Muscat tarehe 30 Disemba 2024. Ni zamani tangu alipokuwa na jeshi au chama, lakini katika kampeni zetu alikuwa akirudi kila baada ya miaka mitano.

Mkunazini ndiko ugomvi unakofika kwa mgeni mtalii. Soko la watumwa lilifungwa kwa mkataba wa tarehe 5 Juni 1873, na mahali pake likajengwa kanisa la Kiangilikana chini ya Askofu Steere. Leo wageni hupelekwa katika vyumba vya chini vya jengo la jirani, wakaambiwa kwamba ndimo walimofungwa watumwa. Wako wanahistoria wanaopinga, wakisema jengo hilo lilijengwa baada ya soko kufungwa. Twaona pingamizi hilo lina uzito, na mwongozaji wa wageni anapaswa kulisema. Lakini sikilizeni linavyotumiwa! Mmoja hulishika akasema: mnaona, habari ya utumwa ni uzushi wa wamisionari. Mwingine hukataa hata kulisikia, kwa kuogopa kwamba vyumba vikianguka, utumwa wote utaanguka navyo. Utumwa hauwezi kuanguka. Makumi ya maelfu ya watu walipita katika mji huu, na mashamba ya karafuu ya Unguja na Pemba yalipandwa na mikono yao. Aliyewanunua alikuwa Mwarabu, na aliyemkopesha fedha mara nyingi alikuwa Mhindi, na aliyewateka huko bara mara nyingi alikuwa Mwafrika mwenye bunduki, na Mfaransa alikuwa mnunuzi mkubwa kwa mashamba yake ya visiwani. Baada ya soko kufungwa, utumwa wenyewe uliendelea kisheria chini ya macho ya Mwingereza mpaka mwaka 1897. Kuyataja hayo yote kwa pamoja si kumtetea yeyote. Kulitaja moja tu, na kumnyooshea kidole kijana wa leo wa Malindi ambaye jina lake lina bin, hiyo ndiyo siasa.

Na matunda ya siasa hiyo tumeyala. Uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi, mwaka 1995, ulimpa Dk. Salmin Amour ushindi wa asilimia 50.2 dhidi ya Maalim Seif Sharif Hamad aliyepewa 49.8. Nchi iliyogawanyika nusu kwa nusu hivyo ilihitaji viongozi wa kupoza. Badala yake wapinzani waliitwa Hizbu, na wapinzani nao, baadhi yao, wakawaita ndugu zao wa bara machogo. Mwezi wa Januari 2001 waandamanaji wasiopungua 30 waliuawa, wengi wao Pemba. Muafaka ukatiwa saini, ukavunjika, ukatiwa mwingine.

Kisha likaja tendo ambalo twaliheshimu mpaka leo. Mwezi wa Novemba 2009 Rais Amani Karume na Maalim Seif walikutana, wakapeana mikono. Tarehe 31 Julai 2010 wananchi waliulizwa kama wanataka serikali ya umoja, na asilimia 66.4 wakasema ndiyo. Uchaguzi wa mwaka huo ulipita kwa amani. Mtu aliyeyaona ya mwaka 2001 hakuamini macho yake.

Lakini maridhiano yale yaligawa vyeo, hayakuigusa historia. Hapana aliyekubaliana na mwenziwe juu ya Disemba wala Januari. Walikubaliana kutoitaja tu. Skuli ziliendelea kufundisha kama zilivyofundisha, mabaraza yaliendelea kusimulia kama yalivyosimulia, na bodi nyeusi ya maskani ya Kisonge, pale Michenzani, haikukosa chaki. Kwa hiyo tarehe 28 Oktoba 2015, Mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi alipoufuta uchaguzi wote, hapakuwa na ukuta wa kuzuia. Katika siku chache maneno ya mwaka 1963 yalikuwa yamerudi yote, kama kwamba hayakupata kuondoka. Uchaguzi wa marudio wa Machi 2016 ulisusiwa na upinzani, na serikali ya umoja ikakoma mpaka ilipofufuliwa Disemba 2020, Maalim Seif akiwa Makamu wa Kwanza wa Rais kwa majuma machache kabla ya kufariki tarehe 17 Februari 2021.

Majirani zetu wa Kenya waliyaonja haya kwa namna yao. Mau Mau kilikuwa chama kilichopigwa marufuku na Mwingereza, na marufuku hiyo ilibaki katika sheria ya Kenya huru mpaka mwaka 2003, kwa sababu waliorithi mashamba hawakupenda wapiganaji wa msituni wakumbukwe sana. Marufuku ilipoondolewa, wazee walifungua kesi London, na mwaka 2013 Uingereza ikakubali kuwalipa zaidi ya 5,000 kati yao. Kenya haikubomoka kwa hilo. Hata Ujerumani, Rais wake Steinmeier alikwenda Songea tarehe 1 Novemba 2023 akaomba msamaha kwa mauaji ya Majimaji, baada ya miaka zaidi ya mia. Yuko atakayesema kwamba ni rahisi kumdai mgeni msamaha kuliko kudaiana sisi kwa sisi, na hatumbishii.

Wanachama wenzetu watatuuliza: mwataka tuikatae tarehe 12 Januari? La. Aliyepewa eka tatu, aliyesomeshwa bure, aliyetoka kibanda cha Ng'ambo akaingia katika nyumba ya Michenzani, ana haki ya kuishangilia siku yake, na chama kisichoelewa furaha hiyo hakitatawala visiwa hivi kwa amani. Lakini eka tatu zile nyingi leo zimekatwa viwanja, na mikono inayozinunua haiulizi tarehe. Mlinzi wa hoteli ya Nungwi na mpishi wa hoteli ya Paje, mmoja mtoto wa Hizbu na mwingine mtoto wa Afro-Shirazi, hupokea mshahara ule ule katika bahasha ile ile, na mwajiri wao hana haja kabisa ya kujua babu ya nani alimpiga babu ya nani. Kadiri hawa wawili wanavyosimuliana mwaka 1964 kwa hasira, ndivyo asivyokuwa na haja ya kuongeza kitu katika bahasha.

Twadai mambo ambayo hayahitaji tume ya mataifa wala fedha nyingi. Ripoti ya Foster-Sutton juu ya mauaji ya Juni 1961 itafsiriwe kwa Kiswahili na iwekwe mahali ambapo mwanafunzi wa Darajani au wa Makunduchi anaweza kuisoma. Majalada ya Kilimani, katika Nyaraka za Taifa, yafunguliwe kwa wote, si kwa maprofesa wa ng'ambo peke yao. Wachukuzi wa mwaka 1948 na wakulima wa Kiembe Samaki waingizwe katika kitabu cha skuli, katika sura moja. Na familia za waliopotea, kuanzia Januari 1964 mpaka 1972, za pande zote, ziambiwe ndugu zao walizikwa wapi. Hilo la mwisho lina haraka. Mtu aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1964 sasa amepita miaka 80, na wale waliochimba makaburi hayo, kama bado wako, wanakaa barazani mwao mitaani humu humu, na hapana aliyekwenda kuwauliza.